Upande wa Pili wa Mashine ya Ngoma

Alhamisi, 30 Januari

Mpwa wangu Kidadisi,

Natumaini hujambo na kazi zinakwenda. Mimi ni mzima, ila paa la jikoni limeanza tena kuvuja pale pale nilipoziba mwaka jana, kwa hiyo napika huku ndoo iko miguuni. Mama yako nilimwona wiki iliyopita. Goti linamsumbua lakini hataki kuambiwa apumzike. Nilimsogezea kiti, akakikalia dakika moja, kisha akainuka kukifuta vumbi. Unamjua dada yangu.

Utanisamehe kwa kuandika kwa kalamu wakati watu wote wanatumiana ujumbe wa simu. Tangu ile homa iondoke na masikio yangu, simu imekuwa kitu cha kuniletea maneno mawili mawili: uko wapi, njoo, sawa. Kwenye karatasi namaliza ninachotaka kusema.

Ninachotaka ni hiki. Unaikumbuka mashine ya ngoma pale ukumbini ninapofanya kazi, ile yenye skrini kubwa juu, ngoma nne kila upande, na jukwaa la mbao la kusimamia wachezaji wawili. Alama zinashuka kwenye skrini, zikifika mstarini unapiga. Ulipokuwa mdogo ulisimama juu ya kreti ndiyo uzifikie. Sasa diski yake imeanza kukwaruza. Siisikii, bila shaka, lakini kila asubuhi naweka kidole juu yake, najua imeamkaje. Waliotengeneza mashine hii waliacha kuihudumia zamani, na vipuri havipatikani popote. Mwenye ukumbi ameniruhusu nikinakili kilichomo, na nakala nimeiweka kwenye kifurushi hiki.

Wewe unaandika programu za kompyuta. Je, unaweza kuifanya kompyuta ya kawaida ya nyumbani ijifanye ndiyo mashine hii? Kama inawezekana, nakuomba. Kama haiwezekani, niambie mapema nisiendelee kuwaza. Jambo moja tu: iwe na pande zote mbili. Upande mmoja hautanifaa.

Mimi mjomba wako, mwenye ndoo miguuni.


Jumanne, 18 Februari, asubuhi

Shikamoo Mjomba,

Kifurushi kimefika bila hata kona kukunjika. Umekifunga kama mtu anayesafirisha mayai. Mimi sijambo. Ofisini salama, hakuna jipya la kusimulia. Nimepata jirani mpya, mwalimu mstaafu, anayehamisha kabati lake kutoka ukuta huu kwenda ule na kulirudisha. Mama alinipigia. Kwake yeye goti halina shida yoyote, ila wewe umekonda. Sasa sijui nimwamini nani.

Nakala yako nimeijaribu. Mchezo unaamka, unaonyesha nembo, kisha unasimama. Unautafuta ule ufunguo mdogo uliochomekwa nyuma ya mashine. Usipouona hauendi mbele. Basi nimeandika kipande cha programu kinachojifanya ufunguo. Mchezo ukiuliza kama upo, chenyewe kinajibu kwamba upo. Siku nne ziliniishia hapo, lakini mwishowe umekubali. Ukaenda hatua moja, ukasimama tena. Sasa unaitafuta bodi ya kijani, ile inayounganisha ngoma na taa na kompyuta ya ndani. Bodi hiyo mimi sina, na sijui inajibu nini ikiulizwa. Namjua mtu mmoja tu anayeijua, na ndiye ninayemwandikia.

Nahitaji kujua waya gani ni wa ngoma gani, mashine ikiwashwa taa zinawaka kwa mpangilio upi, na bodi inatuma taarifa mara ngapi kwa sekunde. Tafadhali usiniandikie kwamba zinawaka kama kawaida. Kawaida yako mimi siijui.

La mwisho ni udadisi tu, maana jina umenipa mwenyewe. Unaishi peke yako. Huo upande wa pili ni wa nani?

Mpwa wako, anayezungumza na bodi asiyoiona.


Jumapili, 9 Machi

Marahaba, mpwa wangu.

Sijakonda. Ni shati jipya, nimeshonewa pana. Mwambie mama yako hivyo, na mwambie pia nimemwona akipanda ngazi za sokoni akidhani hakuna anayemtazama.

Kurasa kumi na moja ziko humu. Nilifungua mlango wa nyuma wa mashine, nikaweka kipimo cha umeme kwenye kila waya, nikawa napiga ngoma kwa mkono wa kulia na kuandika kwa wa kushoto. Ndiyo maana kurasa mbili za mwanzo zinayumba. Taa za kuwashia nimezichora kwa rangi: nyekundu ya kushoto, nyekundu ya kulia, kimya kidogo, kisha nyeupe zote kwa pamoja. Kile kimya kidogo usikiruke. Bodi inatuma taarifa mara sitini kwa sekunde. Kwa hilo niliazima chombo cha kuonyesha mawimbi kutoka kwa fundi redio, akakaa karibu yangu muda wote kama mtu aliyeazimisha mtoto. Nimeweka na picha niliyopiga nikiwa nimefungua mlango, uone bodi ilivyokaa.

Nikueleze pia ninavyocheza, labda itakusaidia. Chini ya jukwaa kuna spika kubwa. Nasimama peku. Mdundo unaingia kwenye visigino, unapanda hadi magotini. Jicho linaona alama imefika mstarini, mguu unakubali, mkono unapiga. Vitatu hivyo vikija pamoja, nasahau kabisa kwamba kuna kitu nimepoteza.

Ningependa iwe tayari kabla ya mwisho wa Mei. Kuna mambo ya ukumbi.

Mimi mjomba wako.


Jumatano, 26 Machi

Shikamoo Mjomba,

Imejibu. Samahani kwa kuruka salamu, nitazirudia huko chini.

Nilifuata kurasa zako mstari kwa mstari. Nilipokiacha kile kimya kidogo kati ya taa nyekundu na nyeupe, mchezo ulikataa. Nilipokirudisha, ukafunguka wote, na orodha ya nyimbo ikapanda kwenye skrini yangu kama vile haijawahi kukaa mahali pengine. Nilicheza wimbo wa kwanza kwa vitufe vya kibodi. Nilivipiga kwa nguvu mpaka mwalimu akagonga ukuta, na ilikuwa saa nne asubuhi tu.

Nakutumia kompyuta ndogo isiyozidi ukubwa wa kitabu, na programu yote imo. Unganisha zile ngoma kuukuu unazozihifadhi stoo, pande zote mbili. Iweke karibu na mashine yenyewe, uzicheze kwa zamu, uniambie tofauti yoyote utakayoiona.

Sasa salamu. Mimi mzima, kazini wanatubana kidogo lakini salama. Mama hajambo, ameikubali hadithi ya shati, ila anataka kujua limeshonwa na nani.

Kwenye ile picha uliyonitumia, nyuma yako palikuwa na mashine ya magari ya mashindano nilipokuwa mdogo. Siioni. Mmeihamisha? Na bado hujaniambia habari za upande wa pili.

Mpwa wako.


Jumatatu, 14 Aprili

Mpwa wangu,

Marahaba, na asante. Kompyuta imefika, nimeiunganisha, imewaka, nyimbo zote ziko mahali pake. Paa nimeliziba kwa mara ya tatu. Mama yako hajambo.

Lakini nisikufiche. Inachelewa. Alama inafika mstarini, mkono uko tayari, mguu haujapata kitu. Mguu unapata baadaye. Ni kidogo sana, ila ni kila mara. Nimeicheza siku tano. Mashine ya zamani ninaipiga bila kosa. Hii nakosa alama moja katika kila tatu, na jioni magoti yanauma kwa kusubiri. Niliyempa asikilize kwa masikio yake anasema ni sawa tu. Mimi nakuambia si sawa.

Naomba uitazame tena. Mei haiko mbali.

Mjomba wako.


Alhamisi, 24 Aprili

Shikamoo Mjomba,

Natumaini mko salama.

Nimeipima upya tangu mwanzo. Programu inatoa sauti katika muda ule ule alama inapofika mstarini, wala hakuna tofauti. Nimewasikilizisha watu watatu, akiwemo mwalimu wa hapa jirani aliyefundisha kwaya miaka thelathini. Wote wamesema inakwenda sawa. Huyo uliyempa asikilize naye amesema sawa. Kwa heshima zote, Mjomba, wewe husikii.

Huenda ni jukwaa ulilolitumia. Huenda ni uchovu. Mimi kwa upande wangu sioni cha kurekebisha.

Mpwa wako.


Jumanne, 3 Juni

Shikamoo Mjomba,

Wiki tano na siku kadhaa hujaniandikia, na siwezi kukulaumu. Nimemuuliza Mama kama u mzima, akasema amekuona ukibeba mbao. Zaidi ya hapo hakusema.

Nakuomba radhi. Ulikuwa sahihi tangu siku ya kwanza.

Nikuambie nilivyojua. Baada ya kutuma ile barua niliizima kompyuta, nikaifunika na kitambaa, sikuigusa. Kisha wiki iliyopita Mama alinipigia kwa simu ya picha. Mtandao ulikuwa mbaya, midomo yake ikitangulia maneno. Alikuwa ananieleza mambo ya kawaida tu, lakini mimi nikajikuta nakereka, bega limekaza, natamani akate simu. Alipokata nikakaa nikijiuliza kilichonikera ni nini, maana mama yangu hakuwa amenikosea. Nikaona ni ule mwanya kati ya mdomo na sauti. Nikakumbuka magoti yako.

Nikaifunua kompyuta. Nikailaza spika chali, nikaweka juu yake vipande vya karatasi, nikaurekodi mchezo kwa simu kwa ile video inayokwenda polepole sana, picha mia mbili na arobaini kwa sekunde. Taa ikawaka. Karatasi zikatulia tu. Nikawa nahesabu picha moja moja, na ilipofika ya kumi na tisa ndipo karatasi zikaruka. Ni karibu sehemu moja ya kumi na mbili ya sekunde. Mguu wako uliipima hiyo bila chombo chochote.

Kosa lilikuwa langu. Nilikuwa napima pale programu inapoikabidhi kompyuta sauti, na si pale spika inapoitoa. Katikati hapo kompyuta ya nyumbani huipanga sauti foleni kwanza, ili isikatike njiani. Mashine yako haina foleni. Nimeiondoa yangu. Kwenye flashi hii kuna programu mpya. Karatasi sasa zinaruka taa inapowaka.

Nina jambo jingine, na safari hii sitalizungusha. Nilipokuwa nimekununia nilikuwa naitazama ile picha yako. Sakafu nyuma yako ina madoa mapana ya mraba, yamepauka, mahali ambapo vitu vizito vilikaa miaka mingi. Nimeyahesabu, yako saba. Mashine ya magari haikuhamishwa peke yake. Ukumbi unafungwa, Mjomba, sivyo?

Mpwa wako, mwenye aibu.


Jumapili, 15 Juni

Marahaba, mpwa wangu.

Nianze na hilo ulilotaka radhi, ili tusiendelee kulibeba. Ulisema sisikii. Nilisoma nikakaa chini. Nikasoma tena. Miaka tisa sasa watu wanalizunguka neno hilo kama wanaozunguka shimo barabarani. Hata dada yangu anasema "hali yako". Wewe umeliandika lilivyo, kwa hasira, kama mtu anavyogombana na mtu mzima mwenzake. Liliniuma siku moja. Siku ya pili nikaona nimepumua. Nilitaka kukushukuru, nikashindwa kujua mtu anaandikaje barua ya kushukuru kwa jambo kama hilo, basi siku zikapita. Nakushukuru sasa.

Ndiyo, ukumbi umefungwa. Jengo liliuzwa tangu Desemba. Mashine nyingine ziliondoka Februari, ya ngoma ikabaki kwa sababu ni nzito na hakuna aliyeitaka. Tarehe kumi na moja mwezi huu walikuja watu wanne. Mlango ulikuwa mdogo, wakaibomoa pale pale. Mimi nilikuwa nimeomba jukwaa na ngoma zote nane, nao wakanisaidia kuvibeba hadi nyumbani, wakaniwekea ndani, hawakutaka chochote isipokuwa maji ya kunywa. Nimelikata jukwaa pembeni ili liingie chumba cha mbele. Sikukuambia mapema kwa sababu ungefanya kazi kwa kunihurumia, na kazi ya huruma haina vipimo.

Umeniuliza mara mbili upande wa pili ni wa nani. Ni wa fundi cherehani mwenye duka mkabala na ukumbi. Miezi michache baada ya homa, mashine zote ukumbini nilikuwa nazitengeneza, ila ile ya ngoma nilikuwa siichezi. Alasiri moja alikuja na mota ya cherehani yake iliyoungua. Alinikuta nimevua viatu, nimesimama jukwaani, naona aibu kama mtu aliyekutwa akizungumza peke yake. Hakuuliza. Aliiweka mota chini, akavua viatu vyake, akashika vijiti vya upande wa pili. Tukacheza wimbo mmoja, akaondoka. Kesho yake akaja tena. Miaka minane, kila alasiri akishafunga duka. Tukitaka kusema jambo anaandika kwa chaki yake kwenye kipande cha kitambaa, nami naandika chini yake. Nyumbani nina vitambaa vingi vyenye maneno yaliyofutika nusu.

Nilipoambiwa ukumbi unafungwa, kilichonikosesha raha si ile mashine. Mtu huyu hajawahi kuja kwangu wala mimi kwake. Tungekutana wapi, na ningemwambia aje kufanya nini? Nikawaza kwamba kama mashine ingekuwa nyumbani, ningekuwa na la kumwambia. Ndivyo nilivyokuandikia.

Flashi yako niliichomeka Jumamosi, kwanza peke yangu. Alama ikafika mstarini, mdundo ukafika kisiginoni, mkono ukapiga. Sikuumaliza wimbo. Ilibidi nikakae kitandani. Kisha nikaenda dukani kwake nikamwandikia kwa chaki yake mwenyewe kwamba upande wake uko tayari. Amekuja Jumamosi hiyo hiyo, na leo amekuja tena. Nimemwambia ni kazi ya mikono yako. Ameshika programu yako, yaani ile kompyuta, kwa mikono miwili, kama kitu kilicho hai.

Sasa zamu yako. Barua zako nimeziweka zote pamoja. Jumanne asubuhi. Jumatano, saa nne ukipiga kibodi hadi jirani anagonga ukuta. Alhamisi. Jumanne tena. Siku nne nzima kwenye ufunguo mmoja. Ofisi gani hiyo, mpwa wangu?

Mimi mjomba wako, asiyesikia lakini anasoma tarehe.


Jumatano, 25 Juni, na ni asubuhi, huna haja ya kukisia

Shikamoo Mjomba,

Hakuna ofisi. Walitupunguza Novemba, watu kumi na wawili kwa mkutano mmoja, na kufikia mchana nilikuwa nje nimebeba kikombe changu na kamusi. Sikumwambia mtu. Wiki za mwanzo nilikuwa navaa nguo za kazi, natoka, nazunguka, narudi. Baadaye nikaacha hata kuvaa. Mtu wa vifurushi alipogonga na kifurushi chako ilikuwa saa sita mchana, na alinitoa kitandani.

Umesema hukutaka kazi ya huruma. Basi jua kwamba nilipokisoma kile kikaratasi chako sikukuhurumia hata kidogo. Nilifurahi kwamba kuna mtu anadhani naweza kitu. Kesho yake niliamka saa moja kwa ajili ya ule ufunguo. Keshokutwa yake hivyo hivyo. Mimi nilikuletea programu, lakini wewe ndiye ulikuwa unaniamsha miezi hii yote, na ulikuwa hujui. Nilikuwa nimeshajiandaa kutokushukuru kamwe, maana ningelazimika kueleza. Asante, Mjomba.

Mama nimemwambia jana. Kwanza aliuliza kama ninakula. Kisha akataka kujua kwa nini wewe umejua kabla yake. Nimemwambia wewe ulisoma tarehe. Amekasirika kidogo, nadhani juu yetu sote wawili, lakini mwisho wa simu alikuwa ananipangia safari.

Wiki iliyopita niliitwa na kampuni inayofunga vyombo vya sauti kwenye kumbi za mikutano. Mkubwa wao aliniuliza ni tatizo gani gumu nimewahi kulitatua. Wengine nadhani walimtajia shahada zao. Mimi nikamweleza habari za karatasi juu ya spika, na mtu aliyeuhisi mwanya ule kwa kisigino. Aliacha kuandika, akaniuliza kama mtu huyo anatafuta kazi. Nikamjibu ana kazi nyumbani kwake. Wamenichukua kwa majaribio ya miezi mitatu, naanza Agosti. Inanitosha.

Kabla ya hapo nakuja. Wiki moja, katikati ya Julai. Nitalala kwa Mama ili apate mtu wa kumkatalia kiti.

Mpwa wako, aliyeamka.


Jumapili, 10 Agosti

Shikamoo Mjomba,

Nilifika salama, na wiki ya kwanza ya kazi nimeimaliza. Wananipa nyaya za kubeba kuliko za kufikiria, lakini mkubwa ameniahidi ukumbi wangu mwenyewe Septemba. Mwalimu wa jirani amenikaribisha kwa chai na kunilalamikia kwamba ukuta umekuwa kimya mno. Mwambie Mama ile dawa ya goti aipake, asiiweke tu dirishani. Na umshukuru fundi wako kwa gauni. Kipimo alikichukua kwa macho, nami nimelivaa kazini siku mbili kati ya tano.

Lakini nakuandikia kwa sababu ya jambo moja lililotokea siku ile ya mwisho, ambalo sikukuambia pale pale.

Unakumbuka fundi alinipa vijiti vyake, akasema yeye anakwenda kutia chai, nicheze mimi upande wake. Nilivua viatu. Nilikuwa nimeiandika programu ile mstari kwa mstari, nikadhani angalau sitaaibika. Ulinishinda kabla wimbo haujafika nusu. Nilipojaribu kukufikia, kijiti kiliniponyoka, kikapiga mlango wa kabati, kikaingia chini yake, nami nikakiendea kwa magoti na alama zinaendelea kushuka. Ndipo ukacheka.

Fundi alikuwa mlangoni na birika mkononi. Akasimama. Chai ilikuwa inamwagika kwenye sahani, wala hakuangalia. Alinisogelea, akaniambia kwa sauti ndogo, "Miaka minane, na leo ndiyo mara ya kwanza nakisikia kicheko chake."

Nilitaka kukugusa nikuandikie pale pale. Akanishika mkono, akitaka nikuache umalize kucheka kwanza. Ulipomaliza tukanywa chai, watu wakawa wanazungumza mengine, nami nikaona aibu kulirudia.

Basi nakuandikia sasa. Kicheko chako kinaanza chini kabisa, kama mtu anayesukuma kabati zito, polepole. Kisha kinakatika, na asiyekujua atadhani kimekwisha. Halafu kinarudi kikiwa juu, chembamba, kinakimbilia kooni, na mwishoni kuna mluzi mdogo wa kuvuta pumzi, ule ule alionao Mama. Nikifumba macho siwezi kuwatofautisha nyie wawili. Nilikisikia mara ya mwisho nikiwa juu ya kreti, nawe wakati huo ulikuwa unakisikia pia. Hakijabadilika hata kidogo. Kilikaa chumbani muda mrefu, Mjomba, na sisi wawili tulikisikiliza chote mpaka kikaisha.

Mpwa wako.